Seti ya taa ya T5 kwa mjusi-ndevu: nunua hii kabla ya kopo la kalsiamu

Madukani, mjusi-ndevu huuzwa pamoja na kifurushi: tanki la kioo, balbu ya joto, taa ndogo ya mzunguko (ile fupi iliyojikunja) iliyoandikwa UVB, na kopo la unga wa kalsiamu wenye vitamini D3. Mnunuzi hukumbuka unga tu. Huunyunyiza kwa moyo mmoja, miezi inapita, na siku moja anamkuta mnyama anaburuta miguu ya nyuma na taya la chini linabonyea kama raba. Unga ulikuwepo muda wote. Kilichokosekana ni mwanga, na ile taa ndogo haikuutoa wa kutosha.

Hapa tunatathmini kifaa kinachopaswa kuchukua nafasi ya taa hiyo, yaani seti ya mrija wa T5 HO, mrija mwembamba wa floresenti wenye nguvu kubwa. Mfano wetu mkuu ni Arcadia ProT5 yenye mrija wa asilimia 12. Tunailinganisha na ReptiSun T5 HO 10.0 ya Zoo Med, na balbu za mvuke wa zebaki, na jua lenyewe, kisha tunageukia unga na kipima-mwanga. Mnyama tuliyempigia hesabu ni mjusi-ndevu wa Australia (Pogona vitticeps) anayekaa katika kizimba cha sentimita 120 kwa 60 kwa 60. Mwenye kobe au kinyonga atapata mengi ya kwake, ila umbali wa taa na joto la kuotea jua vitabadilika.

Hukumu yetu ni nyota nne kati ya tano. Nyota ya tano imeangukia kwenye lebo, na tutaeleza kwa nini.

Mifupa inalainikaje

Kinachoitwa MBD (metabolic bone disease, yaani kulainika na kudhoofika kwa mifupa) ni kundi la magonjwa, lakini kinachowapata zaidi mijusi wa nyumbani ni kimoja: tezi za parathiroidi kufanya kazi kupita kiasi kwa sababu ya upungufu wa kalsiamu, wingi wa fosforasi au ukosefu wa vitamini D3. Kalsiamu ya damu ikishuka, tezi hizo humwaga homoni inayoichota mifupani ili moyo na misuli viendelee na kazi. Kwa hiyo kipimo cha damu kinaweza kusoma vizuri kwa muda mrefu huku mfupa ndio unaolipa deni. Pale kalsiamu ilipotoka, mwili hujaza nyuzinyuzi. Ndiyo sababu paja la mjusi mgonjwa huonekana nene, na mwenyeji hudhani amenenepa.

UVB inaingia hapa. Ngozini mwa mjusi kuna kemikali inayoitwa 7-dehidrokolesteroli. Miale ya UVB, yaani urujuanimno ya nanomita 290 hadi 315, huigeuza kuwa kitangulizi cha D3, joto la mwili humalizia mgeuko huo, kisha ini na figo huifanya iwe homoni inayofungua mlango wa kalsiamu utumboni. Bila homoni hiyo, sehemu kubwa ya unga unaomezwa hutoka na kinyesi. Bila joto pia mambo hukwama, maana mjusi aliyepoa hameng'enyi chakula na ngozi yake hubadilisha kitangulizi kile polepole.

Wengine hutegemea D3 ya kopo peke yake. Kwa mjusi-ndevu, D3 ya kumeza haijaonyesha kuziba pengo la UVB ipasavyo, na ikizidi ni sumu: kalsiamu huanza kuganda kwenye figo, mishipa ya damu na tishu nyingine laini. Ngozi iliyo chini ya taa hujizuia yenyewe, kwa kuwa mwanga ukiendelea huvunja kitangulizi cha ziada. Mdomo hauna breki hiyo.

Seti yenyewe

Ndani ya boksi la ProT5 kuna kifaa kizima: balasti ya kielektroniki (mafundi wetu bado wanaiita choki), kiakisi cha chuma kinachong'aa, na mrija. Hiyo ndiyo faida yake ya kwanza, kwamba hakuna kubahatisha kipi kinaingiana na kipi. Ukinunua vipande kimoja kimoja, makosa huanzia kwenye vipimo: mrija wa T5 una kipenyo cha milimita 16, T8 una milimita 26, na soketi zake haziingiliani. Hata kati ya T5 kwa T5, ile ya HO yenye nguvu kubwa na ile ya kawaida hazitumii balasti moja.

Mirija ya T5 HO huja kwa urefu unaofuata nguvu: wati 24 ni sentimita 55 hivi, wati 39 ni 85, wati 54 ni 115. Mrija uchukue nusu hadi theluthi mbili ya urefu wa kizimba, ili upande mmoja uwe na mwanga mkali na mwingine uwe kivuli halisi. Kwa kizimba cha sentimita 120 tunachagua wati 39, inayopita theluthi mbili kidogo tu. Wati 24 inatosha mnyama akiwa mdogo, ila baadaye eneo lenye mwanga huwa dogo kuliko mwili wake: kichwa kikiwa ndani, mkia na mapaja yako nje. Umeme si hoja kubwa. Wati 39 kwa saa kumi na mbili kila siku ni kama uniti 14 kwa mwezi.

Kiakisi si pambo. Mrija hutoa mwanga pande zote, na bila kiakisi karibu nusu yake unaangaza dari la kizimba. Kiakisi kizuri huweza kukaribia kuongeza maradufu mwanga unaomfikia mnyama. Ukiona mtu amefunga mrija huohuo kwenye kishikio kitupu cha plastiki, usilinganishe matokeo yake na yako.

Sasa ile lebo. Asilimia 12 haisemi mjusi atapata kiasi gani. Inasema tu ni sehemu gani ya mwanga wa mrija iliyo UVB. Taa ya mzunguko iliyoandikwa 10.0 na mrija wa T5 HO ulioandikwa 10.0 vina namba moja na matokeo yasiyokaribiana hata kidogo. Kipimo chenye maana ni UVI, yaani fahirisi ya ukali wa urujuanimno, kilekile cha utabiri wa hali ya hewa. Mwaka 2010 Gary Ferguson na wenzake walitumia UVI waliyoipima kwa reptilia wa porini kupanga kanda nne za mahitaji. Mjusi-ndevu huwekwa kanda ya tatu: wastani wa UVI 1.0 hadi 2.6, na kilele cha 2.9 hadi 7.4 kwa muda mfupi. Kwa kizimba, lenga 3 hadi 4 mgongoni mwa mnyama akiwa mahali pa kuotea jua, ishuke polepole hadi sifuri upande wa kivuli. Kama namba hizo zingeandikwa kwa herufi kubwa mbele ya kila boksi la kila kampuni, pamoja na umbali, nyota ya tano tungeitoa bila ubishi.

Kuifunga

Mrija wa asilimia 12 wenye kiakisi, usiozuiwa na wavu, hufikia UVI ya 3 hadi 4 kwa umbali wa takriban sentimita 30 hadi 38. Umbali huo hupimwa kutoka mrija hadi mgongo wa mjusi. Wengi hupima hadi sakafuni, na hapo ndipo hesabu inapoharibika.

Tuchukue kizimba chetu chenye kimo cha sentimita 60. Seti ikifungwa darini kwa ndani, mrija unabaki kama sentimita 55 juu ya sakafu. Jiwe la kuotea jua likiwa na kimo cha sentimita 15, na mgongo wa mnyama ukiongeza 4 au 5, umbali unaobaki ni sentimita 35. Ndipo panapotakiwa. Ukiondoa jiwe, mjusi yuko kwenye sentimita 50 na UVI imeshuka sana ingawa kwa macho kizimba kimewaka vilevile. Ukiweka gogo refu akalikwea hadi sentimita 15 kutoka kwenye mrija, macho na ngozi vitaungua.

Seti ikikaa juu ya wavu, wavu mwembamba wenye matundu madogo hula theluthi ya UVB au zaidi. Sogeza mahali pa kuotea jua juu, kwenye sentimita 25 hivi, kisha upime. Kioo na plastiki ya kawaida huzuia UVB karibu yote. Hili kila mtu amelisikia, lakini kuna mtego mmoja unaopita kimyakimya: vishikio vya T5 vilivyotengenezwa kwa ajili ya matangi ya samaki huja na kifuniko cha plastiki angavu cha kuzuia maji. Ukikiacha, umenunua taa ya mapambo.

Balbu ya joto iwe ubavuni mwa mrija, zote zikielekea jiwe moja. Mjusi hawezi kuhisi UVB kama anavyohisi joto, hivyo atakwenda kwenye joto. Kama mwanga uko kona nyingine, ataukosa kutwa nzima. Uso wa jiwe uwe nyuzi 38 hadi 42 za Selsiasi, ukipimwa kwa kipimajoto cha infraredi. Ile saa ya joto ya kubandika ukutani hupima kioo. Upande wa kivuli uwe 24 hadi 27. Mrija usifungwe ubavuni kwa usawa wa macho ya mnyama: jicho la mjusi lina paji linalokinga jua la juu, halina kinga ya mwanga unaotoka mbele.

Mrija mpya huwa mkali kuliko utakavyokuwa baadaye, na hutulia baada ya saa 100 hivi za kuwaka. Wiki ya kwanza mpe nafasi zaidi, sentimita 3 hadi 5. Andika tarehe kwa kalamu ya wino mzito kwenye kofia ya chuma ya mrija. Badilisha baada ya miezi 12, kwa kuwa UVB huisha kabla ya mwanga unaoonekana. Mrija uliokufa kwa mjusi unaweza kuendelea kumulika chumba vizuri tu. Futa vumbi kila mwezi, taa ikiwa imezimwa na imepoa.

Washindani

ReptiSun T5 HO 10.0 tunaiona ni mbadala wa haki kabisa. Umbali wake uko karibu na huo wa Arcadia, na Marekani ndiyo rahisi zaidi kuipata. Tofauti ni kwamba mara nyingi utanunua kishikio na mrija mbalimbali, kwa hiyo hakikisha kishikio kina kiakisi na balasti ya wati sahihi.

Taa za mzunguko, zile fupi zilizojikunja, hatuzipendekezi kwa mjusi-ndevu. UVB yake hukusanyika sehemu ndogo mbele ya balbu, kisha hupotea haraka mno kadiri unavyosogea. Kumpa mjusi mzima mwanga wa kutosha kwa taa hiyo kunataka uiweke karibu kiasi cha kumkera macho. Kwa mjusi wa jioni kama geko-chui, anayehitaji UVI isiyofika 1, ina kazi yake. Bei ya seti ya T5 ni kubwa mara kadhaa kuliko taa hii, na bado seti ndiyo rahisi ukilinganisha na bili ya eksirei.

Balbu za mvuke wa zebaki hutoa joto na UVB kwa pamoja, na katika kizimba kirefu cha kobe zinafanya kazi nzuri. Kasoro yake ni kwamba haziwezi kupunguzwa makali kwa themostati. Joto likizidi, huna budi kuipandisha balbu, na UVB inayomfikia mnyama nayo inapungua. Umeme ukikatika kidogo, haziwaki mpaka zipoe. Anayeishi mahali umeme unakatika mara kwa mara anajua maana yake.

Kuhusu balbu za LED za bei ya chee zinazotangazwa mitandaoni kuwa na "UVA na UVB", kama muuzaji haonyeshi UVI kwa umbali uliotajwa, pita.

Halafu kuna jua. Aliye Dar es Salaam, Mombasa, Nairobi au Maskati ana taa isiyo na mshindani juu ya paa lake. Karibu na ikweta UVI ya adhuhuri mara nyingi hupita 10, na saa tatu asubuhi tayari imefikia kiwango ambacho mrija hukitoa kwa taabu. Kizimba cha wavu, nusu yake kikiwa na kivuli kizito, kitolewe nje asubuhi kwa dakika 30 hadi saa moja mara kadhaa kwa wiki, ukiwa karibu kwa sababu ya kunguru na paka. Tanki la kioo lisitolewe juani hata kwa dakika tano: linapika, na UVB hailipiti. Dirisha la sebuleni nalo halimsaidii mjusi, ni joto tu linalopita. Neno moja kwa walio nyumbani: kobe na vinyonga wa porini ni nyara za serikali. Kenya sheria ya wanyamapori ya 2013 na Tanzania ile ya 2009 zinataka kibali, kwa hiyo ushauri huu si ruhusa ya kuokota kobe barabarani.

Unga

Baada ya mwanga, unga una kazi halisi, kwa sababu wadudu ni maskini wa kalsiamu. Nyenje ana fosforasi takriban mara saba ya kalsiamu. Mabuu ya unga yanapita hata mara kumi. Mlo unaofaa una kalsiamu moja na nusu hadi mbili kwa kila fosforasi moja. Unga wa kalsiamu kabonati, wenye asilimia 40 ya kalsiamu yenyewe, ndio unaorudisha mizani.

Kwa mjusi aliye chini ya T5 iliyofungwa vizuri, tunachagua unga wa kalsiamu usio na D3 kwa matumizi ya kawaida, kama Repti Calcium isiyo na D3 ya Zoo Med, na unga wa vitamini mchanganyiko kando. Mdogo anayekua: kalsiamu kwenye wadudu siku tano kwa wiki, vitamini siku moja. Mkubwa: kalsiamu mara mbili au tatu, vitamini mara moja. Repashy Calcium Plus imeunganisha yote kwenye kopo moja na imekusudiwa kila mlo. Ni rahisi kwa msahaulifu, ila ukiichagua usiichanganye na kopo la pili lenye D3. Makopo mawili yenye D3 ndiyo njia ya mkato ya kuizidisha.

Jinsi ya kunyunyiza: weka wadudu kwenye mfuko au kikombe chenye kifuniko, tia ncha ya kijiko cha chai kwa wadudu ishirini, tikisa mpaka waonekane wamepakwa vumbi jembamba. Wakigeuka weupe kama mandazi ya sukari umezidisha, na mjusi atawatema. Walishwe hapohapo. Nyenje hujisafisha, na nyenje aliyejificha nyuma ya gogo nusu saa hana unga tena. Saa 24 hadi 48 kabla ya hapo, walishe wadudu wenyewe mboga na chakula chenye kalsiamu nyingi, maana kilicho tumboni hakipanguswi.

Kwa Afrika Mashariki kuna njia za bei nafuu ambazo vitabu vya ughaibuni havizitaji. Mabuu ya inzi askari mweusi, yanayofugwa kwa ajili ya chakula cha kuku na samaki, ndiyo wadudu wachache wenye kalsiamu inayozidi fosforasi, zaidi ya mara mbili. Ngozi yake ni ngumu, kwa hiyo yatoboe au yaponde kidogo, la sivyo hupita mazima. Sukuma wiki ni mboga bora, kalsiamu yake ni nyingi na fosforasi kidogo. Mchicha na ile mboga ya majani mapana tunayoiita spinachi zina okzaleti, ambayo hushika kalsiamu isifyonzwe, hivyo ziwe kiungo cha mara mojamoja. Kisamvu kibichi kisitumike kabisa.

Unga wenyewe unaweza kutoka duka la pembejeo: chokaa ya chakula cha kuku ni kalsiamu kabonati. Ichekeche kwa kitambaa chepesi ili uondoe changarawe. Mifupa ya dome inayookotwa ufukweni, ikiloweshwa maji baridi siku mbili tatu kutoa chumvi, ikaushwe na kusagwa, nayo ni kabonati karibu tupu. Lakini soma mfuko kabla ya kulipa. DCP (dikalsiamu fosfati) iliyo kwenye rafu hilohilo ina kalsiamu kama asilimia 23 na fosforasi 18; kwa kuku ni sawa, kwa mjusi anayekula nyenje unamwongezea kilekile kilichomzidi. Chokaa ya ujenzi ni kitu kingine kabisa, inaunguza mdomo na utumbo.

Kalsiamu tupu haiharibiki ikikaa pakavu. Vitamini huharibika: kopo likishafunguliwa, lihesabie miezi sita, na kwenye unyevu wa pwani tungelipunguzia.

Kipimo

Solarmeter 6.5 husoma UVI moja kwa moja. Unaishika pale mgongo wa mjusi unapokaa, kihisi kikielekea mrija, unabonyeza, unasoma. Bei yake hupita dola 200, na kwa mwenye mjusi mmoja hilo ni zito. Wafugaji watano wakichangiana, ni kifaa bora kuliko vyote vilivyotajwa hapa, kwa sababu kinamaliza ubishi wa wavu, vumbi, umri wa mrija na umbali kwa sekunde tatu. Chukua 6.5, usichukue 6.2, ile ya pili husoma mikrowati za UVB na haikupi UVI. Mbele ya taa za LED za UVB usomaji wake si wa kuaminika sana, kwa kuwa kimerekebishwa kwa mwanga unaofanana na wa jua. Kadi za karatasi zinazobadilika rangi hazina thamani: nyingi hubadilika hata kwa UVA peke yake, urujuanimno usiotengeneza D3.

Ambaye tayari anaumwa

Seti hii inazuia, na inasaidia kutibu. Haitibu peke yake. Dalili za kumpeleka kwa daktari siku hiyohiyo ni vidole kutetemeka, misuli kurukaruka, kushindwa kuinua tumbo kutoka sakafuni, taya laini au lililopinda, mguu uliovimba, na mgongo wenye mawimbi. Jike mwenye mayai asiyeweza kuyataga naye yumo. Tafuta daktari wa mifugo aliyezoea reptilia. Piga simu kwanza uulize kama ana eksirei na kama anapima kalsiamu iliyo huru katika damu, kwa kuwa ile ya jumla hudanganya.

Mjusi anayetetemeka mwili mzima asinyweshwe chochote nyumbani. Atapaliwa. Huyo huhitaji kalsiamu ya sindano na maji mwilini kwanza. Aliyetulia kwa kawaida huandikiwa kalsiamu ya maji ya kunywa kwa wiki kadhaa. Dozi huhesabiwa kwa uzito, kwa hiyo mizani ya jikoni ya gramu ni lazima: dawa ikiwa imeandikwa mililita 1 kwa kila kilo, mjusi wa gramu 40 anapata mililita 0.04, kitu kisichopimika ila kwa bomba dogo la sindano la insulini. Kama daktari anataja kalsitonini, muulize kama kalsiamu ya damu imeshapimwa na kukutwa sawa. Dawa hiyo huirudisha kalsiamu mfupani, na ikitolewa damu ikiwa bado chini inaweza kuua.

Kizimba cha mgonjwa kiwe cha chini: ondoa magogo, tandika taulo, chakula na maji viwe usawa wa sakafu. Kwa kuwa jiwe limeondoka, shusha taa ili umbali ubaki uleule wa sentimita 30 hadi 38. Wengi husahau, na mgonjwa anaishia kwenye mwanga dhaifu kuliko alipokuwa mzima. Mbebe kwa kiganja chote kilichokunjuka chini ya kifua na nyonga. Usimvute kwa mguu au mkia, wala usimkwanyue anaposhika taulo, kwa sababu kidole kitavunjika. Tetemeko na udhaifu huweza kupungua ndani ya wiki chache, mfupa huchukua miezi. Taya na uti wa mgongo vilivyopinda hubaki vimepinda.

Kununua na kusafirisha

Ukiagiza kwa ndugu aliye ng'ambo, angalia volti. Seti ya Uingereza inafaa Kenya, Tanzania, Oman na Imarati bila adapta, kwa kuwa soketi ni ileile ya pini tatu za mraba na umeme uko volti 230 hadi 240. Kishikio cha Marekani ni cha volti 120 isipokuwa kimeandikwa vinginevyo, na kikichomekwa Dar es Salaam balasti inaungua. Mrija wenyewe haujali nchi, unajali balasti. Kwa hiyo ndugu wa Houston anaweza kukuletea mirija ya kubadilisha, na kishikio ukakiagiza Dubai au London.

Mirija huvunjika kwenye mizigo kuliko mahali pengine popote, na ina zebaki ndani. Kata bomba la plastiki la maji la inchi moja na nusu, refu kuliko mrija kwa sentimita kumi, viringisha mrija kwa kitambaa, uingize, na uzibe ncha zote mbili kwa sponji na kofia za bomba. Leta miwili, wa pili ukae kabatini na tarehe yake ya kufungwa mwakani ikiwa imeshaandikwa.